Mpeni Mtoro Kitabu Chake

Fungua tasnifu ya mwanafunzi inayohusu mila za Waswahili wa pwani, iwe imeandikwa hapa Kigali au kwa majirani zetu, uende kwenye sura inayopitia maandiko ya watangulizi. Hutakawia kukutana na rejeleo hili: "Velten (1903)". Litakuwapo kwenye maelezo ya arusi, kwenye jando na unyago, kwenye ngoma za pepo, kwenye habari za madeni na za utumwa. Msimamizi anapitisha kalamu, anaona jina, anaona mwaka, anaona mabano yamefungwa vizuri, anaendelea. Kanuni zote zimefuatwa. Hata hivyo rejeleo hilo ni la uongo, na insha hii nimeiandika ili kulipinga.

Kitabu chenyewe ni Desturi za Wasuaheli, kilichochapishwa Göttingen, Ujerumani, mwaka 1903. Jina lililo kwenye jalada ni la Carl Velten, Mjerumani aliyewahi kuwa mkalimani wa serikali katika Afrika Mashariki ya Kijerumani, kisha akawa mwalimu wa Kiswahili katika chuo cha lugha za Mashariki mjini Berlin. Lakini soma kurasa mbili tatu tu, utatambua kwamba anayesema humo si Velten. Anayesema ni mtu aliyezaliwa ndani ya mambo anayoyasimulia, anayejua nani huketi wapi siku ya arusi na mtoto hufanyiwa nini siku ya kuzaliwa, na hajui hivyo kwa kuuliza. Mtu huyo, kwa sehemu kubwa ya kitabu, ni Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo.

Mtoro alikuwa mtu wa elimu ya dini. Alifanya kazi ya kukusanya kodi chini ya Wajerumani, na mwaka 1900 akaenda Berlin kufundisha Kiswahili katika chuo kilekile alichofundisha Velten. Mwaka 1904 alimwoa mwanamke wa Kijerumani. Mwaka uliofuata alifunga safari ya kurudi nyumbani pamoja na mkewe. Meli ikafika pwani, lakini serikali ya koloni ikawazuia kushuka. Gavana wa wakati huo alikuwa Gustav Adolf von Götzen, jina ambalo Mnyarwanda hahitaji kuelezwa: ndiye yule aliyepita katika nchi yetu mwaka 1894 akakutana na Mwami Kigeri IV Rwabugiri. Mtoro na mkewe wakarudi Ujerumani. Alifundisha pia Hamburg, akawa anatoa mihadhara huku na huku, akafariki Berlin mwaka 1927.

Mtu huyu alinyimwa ruhusa ya kushuka katika pwani yake mwenyewe. Kitabu chake nacho kingali melini. Tofauti ni kwamba aliyewazuia Mtoro na mkewe mwaka 1905 alikuwa na bunduki na bendera ya Kaizari. Wanaokizuia kitabu leo ni wanafunzi na walimu wa Kiswahili, tena wazaliwa wa Afrika Mashariki, na silaha yao ni mabano mawili na mwaka.

Nisije nikamdhulumu Velten huku nikimtetea Mtoro. Velten ndiye aliyetaka habari hizo ziandikwe, akazikusanya, akazipanga, akazitafsiri kwa Kijerumani na kuzipeleka kwa mchapishaji. Hiyo ni kazi, na kazi hiyo ina jina lake katika Kiswahili: uhariri. Tena Mtoro hakuandika peke yake. Walikuwapo Waswahili wengine waliochangia. Wahenga walisema mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni, na hata mwenye nguvu ana haki yake. Haki ya Velten ni kuitwa mhariri na mfasiri. Kuitwa mwandishi si haki yake.

Na wala hili si jambo ambalo mimi nimeligundua. Mwaka 1981 University of California Press ilichapisha tafsiri ya Kiingereza ya kitabu hicho, iliyohaririwa na J. W. T. Allen, na jina la kitabu lenyewe linasema wazi kwamba hizi ni desturi zilizoandikwa na Mtoro bin Mwinyi Bakari na Waswahili wengine. Mwaka 2009 Mkuki na Nyota ya Dar es Salaam ikachapisha kitabu kizima cha Ludger Wimmelbücker juu ya maisha ya Mtoro. Kwa hiyo marekebisho yapo, yamechapwa, yana zaidi ya miaka arubaini. Waliokuwa na sababu ya kuyajua kabla ya watu wengine wote ni sisi tunaosoma lugha ya Mtoro, na bado tunaendelea na "Velten (1903)".

Mtoro nimemtaja kwa sababu habari zake ziko wazi. Hayuko peke yake. Miaka miwili kabla ya Desturi, yaani mwaka 1901, Velten alitoa Safari za Wasuaheli. Humo mna masimulizi ya Selim bin Abakari, aliyefika Urusi na Siberia mwaka 1896, na masimulizi ya wasafiri wengine wa pwani, akiwamo Mtoro mwenyewe. Tazama pia mashairi ya Muyaka bin Haji wa Mombasa, aliyefariki karibu na mwaka 1840. Kila mwanafunzi wa ushairi anamjua Muyaka, na wengi wanajua kwamba diwani yake ilitolewa na William Hichens mwaka 1940. Ni wangapi wanamjua Mwalimu Sikujua bin Abdallah? Huyo ndiye Mwanamombasa aliyekusanya mashairi hayo kutoka kwa waliokuwa bado wanayakumbuka, akampa William Taylor, Mwingereza aliyeyahifadhi. Kama si Sikujua, sehemu kubwa ya Muyaka ingezikwa pamoja na wazee wa Mvita. Katika mitihani yetu tunaulizwa Muyaka alitumia taswira gani. Hatuulizwi nani alituletea Muyaka.

Sasa tuulize: kosa kama la "Velten (1903)" linaishije miaka mingi hivyo kati ya watu wanaojiita wasomi? Jibu langu ni chungu. Linaishi kwa sababu wengi wanaolinukuu rejeleo hilo hawajakishika kitabu. Wamelichukua kutoka tasnifu ya mwaka uliopita, ambayo nayo ililichukua kutoka tasnifu ya mwaka uliotangulia. Rejeleo linapita mkono kwa mkono kama noti chakavu ambayo hakuna anayeigeuza kuangalia upande wa pili. Kiswahili kina maneno mawili ya kuponya ugonjwa huu: "akinukuliwa na". Ukiandika kwamba umempata mtu huyu ndani ya kitabu cha mtu yule, umesema kweli na hakuna aliyedhulumiwa. Lakini maneno hayo tunayakwepa kama ukoma, maana tunadhani yanaonyesha kwamba hatujasoma. Naam, yanaonyesha hivyo. Ndiyo faida yake.

Najua nitakavyojibiwa, kwa kuwa majibu hayo huyasikia kila muhula. Nitayachukua moja baada ya jingine.

Jibu la kwanza husema kwamba kunukuu na kutaja vyanzo ni adabu za Wazungu. Mwafrika wa jadi alikuwa na maarifa ya jumuiya, hadithi ilikuwa ya wote, methali haina mwenyewe. Maneno haya yanapendeza masikioni, lakini si kweli, na wanaoyasema wanapaswa kuona haya kuyasema hapa Rwanda. Ibisigo, yale mashairi marefu ya kifalme ya nchi yetu, yalihifadhiwa kwa moyo karne kwa karne, bila karatasi, na mengi yalifika kwetu yakiwa na majina ya watunzi wake. Mapokeo yanamtaja Nyirarumaga, mama mlezi wa Mwami Ruganzu II Ndoli, kuwa ndiye aliyeanzisha utaratibu wa utunzi huo. Padri Alexis Kagame alipochapisha utafiti wake juu ya ushairi huu mjini Brussels mwaka 1951, aliweza kuwapanga washairi kwa majina na kwa zamani zao. Aliwezaje? Kwa sababu wenye kuhifadhi walihifadhi pia jina. Aliyekariri shairi la mwenziwe hakujitwalia. Alisema la nani. Hao ndio babu zetu, na wao hawakuwa na kitabu cha mwongozo wa marejeleo.

Nenda upande wa pwani, utakuta mambo ni yaleyale. Mwana Kupona wa Pate aliutunga utendi wake mwaka 1275 wa Hijria, sawa na 1858, na mwishoni mwa utendi amelitaja jina lake, amewaeleza wasomaji mwaka, na ameweka hata idadi ya beti, ili mtu asije akapunguza au akaongeza. Je, huyo naye alifundishwa na Wazungu? Na hapa Biryogo, mtoto wa madrasa anajua kabla hajabalehe kwamba hadithi ya Mtume huja na isnadi yake: fulani alisikia kwa fulani, naye kwa fulani. Mlolongo ukikatika, wanazuoni huishuku hadithi hata kama maneno yake ni mazuri. Kwa hiyo anayesema kutaja chanzo ni ugeni hajakataa ugeni. Amekataa urithi wake. Wageni walitufundisha jambo jingine kabisa: kwamba aliyechapisha ndiye mwenye maneno, na aliyesema ni "mtoa taarifa" tu. Hilo ndilo tulilolishika kwa mikono miwili.

Jibu la pili ni la umaskini wa maktaba. Vitabu vya Kiswahili vinachapishwa Dar es Salaam na Nairobi. Vinavyofika Kigali ni vichache, na bei yake si ya mwanafunzi anayehesabu nauli ya moto. Hili silikatai hata kidogo. Rwanda iliingia katika Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007, na Kiswahili kikawa lugha rasmi kwa sheria ya mwaka 2017, lakini rafu za vitabu haziongezeki kwa kura ya Bunge. Hata hivyo uhaba unaeleza kwa nini orodha ya marejeleo ni fupi. Hauelezi kwa nini ni ndefu! Mwanafunzi asiyekuwa na vitabu angepaswa kuwa na marejeleo sita ya kweli. Tunaonaje basi tasnifu zenye marejeleo sitini, na mengine ni ya vitabu ambavyo havijawahi kuvuka Rusumo? Na siku hizi limezuka balaa jipya: mwanafunzi anaiuliza programu ya akili mnemba, nayo inampa jina la mwandishi, kichwa cha makala, mwaka na hata kurasa, vyote vikiwa na sura ya kweli, na makala yenyewe haipo duniani. Orodha ya marejeleo ilikusudiwa kuwa ramani ya njia uliyopita. Imegeuka kuwa pambo la ukutani.

Jibu la tatu ndilo zito, na wanaolisema wanastahili kusikilizwa kwa upole. Wanasema hivi: Kiswahili si lugha yetu ya kwanza. Wengi wetu tumezaliwa katika Kinyarwanda, tumesoma shule kwa Kiingereza, wazazi wetu walisoma kwa Kifaransa, na Kiswahili kikaja baadaye kama lugha ya tatu au ya nne. Tunasoma sentensi safi ya mtaalamu wa Dar es Salaam au wa Nairobi, tunajua kabisa kwamba sisi hatuwezi kuisema vizuri hivyo, kwa hiyo tunaiacha kama ilivyo. Hatukukusudia kuiba, tulikusudia kutoharibu.

Ninawaelewa. Lakini dawa ya tatizo hili ipo kwenye kibodi, nayo ni alama mbili za mtajo. Sentensi ya mtu ukiona huwezi kuiboresha, inukuu mzima mzima, uitaje kuwa ni yake, kisha useme kwa Kiswahili chako, hata kikichechemea, kwa nini unakubaliana naye au unampinga. Kiswahili kinachochechemea kwa miguu yako kinafika. Kiswahili kilichobebwa na mtu mwingine kikikushusha njiani huna pa kwenda, na mahali pa kukushusha panajulikana: ni siku ya kutetea tasnifu, pale mjumbe wa jopo anapokuomba ufafanue neno ulilolitumia mwenyewe katika ukurasa wa 14.

Na hapa, waheshimiwa wahadhiri, kwa heshima zote, nawageukia ninyi. Mwanafunzi hakujifunza peke yake kwamba ufasaha ni bora kuliko ukweli. Alijifunza kutokana na alama. Insha yenye fikra zake mwenyewe na upatanisho wa kisarufi wenye makosa ilipata 11 kati ya 20; ya jirani yake, iliyonakiliwa kwa usafi, ikapata 16. Mara moja inatosha, somo limeeleweka. Kisha yapo makabrasha tunayogawiwa darasani, kurasa ishirini au thelathini za fotokopi, yenye nadharia na fasili tele na bila jina hata moja la mtu aliyezitunga. Mwanafunzi anayahifadhi, anayaandika kwenye mtihani neno kwa neno, anafaulu. Mwaka wa mwisho anaitwa na kuambiwa kwamba kuchukua maneno ya mtu bila kumtaja ni wizi wa kitaaluma. Ana haki ya kushangaa.

Jibu la nne ni jipya, na ndilo linalonitia hofu kuliko yote: mashine imepitisha. Chuo kinatumia programu ya kupima mfanano wa maandishi, programu inatoa asilimia, na asilimia ikiwa ndogo mwanafunzi anatembea kifua mbele. Lakini mashine hiyo inafanya nini? Inalinganisha maneno na maneno. Ukichukua makala ya Kiingereza ukaitafsiri yote kwa Kiswahili bila kumtaja mwenyewe, maneno hayalingani tena, na mara nyingi asilimia inashuka. Ukichukua masimulizi ya bibi yako wa Musanze kwa Kinyarwanda ukayafanya "uchambuzi wangu", mashine haina habari naye. Kinyume chake, mwanafunzi aliyenukuu kwa uaminifu, akaweka alama za mtajo na ukurasa, anaweza kuonekana ana mfanano mkubwa, akaambiwa apunguze. Anapunguzaje? Anavuruga maneno ya mwandishi hapa na pale, "muhimu" inakuwa "adhimu", "jamii" inakuwa "umma", mpaka nukuu ya kweli inageuka kuwa wizi uliofichwa vizuri. Kipimo kilichowekwa kukamata wizi kinaufundisha. Sisemi kitupwe. Nasema asilimia si hukumu. Anayehukumu ni msomaji, na msomaji lazima asome.

Nimeacha mwisho jambo linalotugusa sisi zaidi ya Velten na zaidi ya mashine. Sisi wenyewe ni wakusanyaji. Kila mwaka wanafunzi wa Kiswahili wanashuka Nyamirambo na Biryogo, wanakaa barazani na wazee ambao Kiswahili chao kilifika hapa pamoja na askari, wapagazi na wafanyabiashara wa zama za Wajerumani. Wanarekodi misemo, nyimbo za arusi, majina ya mitaa ya zamani, habari za nani alifungua duka la kwanza. Wanarudi, wanaandika: "Mtafitiwa wa 3, mwanamume, umri miaka 74." Halafu jina la mwanafunzi linakaa kwenye jalada kwa herufi kubwa. Nawauliza: hilo lina tofauti gani na Göttingen mwaka 1903? Velten angalau alimjua Mtoro kwa jina. Miaka hamsini ijayo mtafiti atakayetaka kujua Kiswahili cha Kigali kilikuwaje atatunukuu sisi, na mzee aliyetupa kila kitu atakuwa namba.

Nitaambiwa kwamba maadili ya utafiti yanataka kuwaficha watafitiwa. Yanataka kuwalinda, na kulinda si sawa na kufuta. Katika nchi yetu zipo habari ambazo msimulizi wake lazima afichwe, na atakayelichezea hilo hana utu. Lakini bibi aliyekuimbia nyimbo za arusi hajakupa siri, amekupa elimu. Fundi aliyekueleza istilahi za ushonaji ni mtaalamu kama mtaalamu mwingine. Muulize swali moja tu: "Bibi, ungependa nikutaje jina, au nisikutaje?" Akikataa, heshimu. Akikubali, mwandike kwa jina, mahali na tarehe, ndani ya matini na katika marejeleo, si kwenye shukrani peke yake baada ya Mungu na wazazi.

Wengine huchanganya mambo haya na sheria. Rwanda ina sheria ya kulinda mali ya ubunifu, na hakimiliki ina muda wake. Ukipita, kitabu kinakuwa cha wote. Kitabu cha 1903 kimeshapita muda huo zamani. Anayekichapisha leo hadaiwi faranga hata moja. Lakini jina halina muda wa kumalizika. Deni la fedha lina kikomo. Deni la kusema "haya nimeyapata kwa fulani" halina, na halimgharimu mdaiwa kitu chochote isipokuwa fahari yake.

Ninachodai basi ni hiki. Kwanza, katika idara zetu za Kiswahili tuandike "Mtoro bin Mwinyi Bakari na wenzake, katika Velten (mhariri), 1903", na msimamizi asipitishe tasnifu inayoandika vinginevyo. Pili, anayemnukuu mtu kupitia kwa mtu mwingine aseme hivyo, wala asikatwe alama kwa ukweli wake. Tatu, aliyetafsiri kutoka Kiingereza, Kifaransa au Kinyarwanda aandike "tafsiri yangu" na amtaje aliyesema. Nne, makabrasha ya darasani yawe na vyanzo, kama wanavyodaiwa wanafunzi. Tano, wazee wetu waulizwe majina yao.

Hayo hayahitaji bajeti wala kamati. Kila Julai 7, tangu UNESCO iitangaze mwaka 2021 kuwa Siku ya Kiswahili Duniani, tunavaa kanga na kanzu, tunaimba, tunasema Kiswahili ni lugha ya Afrika na ni fahari yetu. Vizuri. Lakini lugha haina kinywa chake; ina vinywa vya watu waliokuwa na majina. Mmoja wao alifariki Berlin mwaka 1927, na kitabu chake kiko mikononi mwetu. Tumrudishie.